Vitumbua vya Marehemu Zaina

Wageni wa matembezi ya vyakula hufika kwa Mrisho baada ya kunywa kahawa na kabla ya kupelekwa kwenye pweza. Wanakuja kwa miguu kutoka upande wa boma la zamani, kofia kichwani, chupa za maji mkononi, na mbele yao Wahida, mwongozaji wao, akitembea kinyumenyume huku anaeleza habari za milango. Wakati huo Mrisho ameshapuliza mkaa, chuma cha vitumbua kimeshashika moto na kijiti cha kugeuzia kipo mkononi. Anampa kila mmoja kitumbua juu ya kipande cha karatasi. Mgeni anapuliza, anauma, anatafuna. Halafu anamwangalia Mrisho na kumwuliza, kwa Kiswahili safi cha Bagamoyo, kwa sauti ya mwanamke mtu mzima yenye mkwaruzo kidogo:

"Baba Adila, gari limefika?"

"Bado," anajibu Mrisho, na kumkabidhi anayefuata karatasi yake.

Anauliza Mjerumani mwenye ndevu, anauliza bibi wa Kijapani, anauliza kijana wa Dar aliyekuja na mchumba wake kupiga picha. Kila mtu anauliza mara moja tu, kwenye tonge la kwanza. Kinachobaki anakila kwa sauti yake mwenyewe na kwa lugha ya kwao. Mrisho humjibu kila mmoja. Hajamwacha hata mmoja bila jibu, maana anayeuliza ni mkewe.

Zaina alianza kupika vitumbua kwenye baraza ile kabla binti yao Adila hajaanza shule, na sasa Adila ameolewa Mapinga na ana watoto wake. Hakutumia hamira ya dukani. Alisema hamira ya dukani ina haraka kama mtu wa Dar. Kila jioni, akishakoroga mchele uliosagwa pamoja na tui na iliki, alichota kikombe cha unga uliobaki jana, akaumimina kwenye beseni na kufunika kawa. Unga wa jana uliumua wa leo, na wa leo uliwekwa kidogo uumue wa kesho. Hivyo miaka yote.

Siku aliyofariki alikuwa amebanwa na kifua tangu alfajiri. Mrisho alimpeleka zahanati. Muuguzi alimsikiliza mgongoni, akasema huyu apelekwe hospitali kubwa Dar, tena aende amelala, tena na mtungi wa hewa, na mtungi uko ndani ya gari la wagonjwa, na gari limetoka kidogo. Rudini nyumbani, alisema, hapa vitanda vinapakwa rangi, gari litawafuata mlangoni. Wakarudi kwa bajaji. Mrisho alitaka bajaji ileile iwapeleke mpaka Dar. Dereva akamwangalia Zaina anavyovuta pumzi.

"Mzee wangu," alisema, "huyu akinifia njiani nitajibu nini?"

Zaina hakulala. Mchele alikuwa ameshausaga, na hakuwa mwanamke wa kuacha mchele uharibike. Alikaa kwenye kigoda, beseni mbele yake, akawa anakoroga, anapumzika, anakoroga. Kila alipopumzika aliuliza, uso umeinamia beseni: "Baba Adila, gari limefika?" Mrisho alitoka mpaka kwenye kona ya njia, akaangalia, akarudi, akasema bado. Ikawa hivyo mchana kutwa. Ilipoadhiniwa magharibi Zaina aliuliza tena, akafunika kawa, akaegemea ukuta, na hakuuliza tena.

Gari halikuwa mbali. Lilikuwa mitaa michache tu kutoka pale, linabeba viti vya plastiki na masufuria ya pilau kwenye uzinduzi wa Matembezi ya Vyakula ya Mji Mkongwe. Aliyeagiza ni diwani, Mheshimiwa Abdulnasir, kwa sababu lori lililoahidiwa halikutokea, na wageni rasmi hawawezi kusimama. Hao wakubwa miguu yao haisimami, kifua cha mke wa mtu ndicho kinachoweza kungoja. Na jambo lenyewe wala halikuwa siri. Dereva alilisimulia msibani, amekaa kwenye kimoja cha viti hivyohivyo, maana vilitolewa kwenye uzinduzi vikaletwa moja kwa moja msibani, kwa gari lilelile.

Walipotoka makaburini Adila aliinua kawa akakuta unga umeumuka mpaka kwenye ukingo wa beseni.

"Baba, nimwage?"

"Chakula hakimwagwi," alisema Mrisho.

Akachota kikombe akakiweka pembeni kama alivyoona mkewe akifanya, akawasha mkaa na kupika mwenyewe. Vingine viliungua, vingine vilikuwa vibichi katikati. Wa kwanza kuonja alikuwa Bi Hajra, jirani wa mlango wa pili. Aliuma, akauliza kwa sauti ya Zaina kama gari limefika. Mrisho akasema bado. Bi Hajra akameza.

"Sukari haba," alisema kwa sauti yake. "Zaina hakuwa mchoyo wa sukari hivi."

Mwalimu wa madrasa alipoulizwa kama vitumbua vile vinafaa kuliwa, alijibu kwamba mchele ni mchele, na mtu kuulizia gari si kosa katika dini. Basi vikaliwa. Watu wa mtaa walinunua kwa muda, halafu wakapungua mmoja mmoja. Hakuna aliyeogopa. Walichoka kuuliza jambo ambalo wote walilijua jibu lake, na wengi wao siku ile walikula lile pilau.

Mrisho mwenyewe hajaonja hata kimoja. Akionja atauliza yeye, na ndani ya nyumba hakuna wa kumjibu.

Wahida ndiye aliyeiokoa biashara isife. Ni mwanamke wa miaka thelathini na kitu, mtoto wa mji, alisomea utalii chuoni na ana heshima. Alimwomba baraza iwe kituo cha wageni. Siku ya kwanza wageni walipomaliza kula na kuuliza, Mrisho alimsikia akiwaeleza jambo kwa Kiingereza, nao wakatabasamu na kuweka mikono kifuani. Akangoja wageni wasogee kwenye kivuli.

"Umewaambiaje hao?"

"Nimewaambia ni namna ya kumshukuru mpishi, mzee."

"Mke wangu anaulizia gari, wewe unasema anashukuru. Anamshukuru nani?"

Wahida alirekebisha ushungi wake. "Mzee wangu, watu hawa wamelipia chakula. Hawakulipia msiba. Nikiwapa habari yote hapa, pweza nani atamla?"

"Waambie diwani wenu alichukua gari akabebea viti."

"Diwani wetu ndiye anayepitisha kibali changu."

"Basi mlete na yeye ale."

"Mheshimiwa ana kisukari."

"Nitapika visivyo na sukari," alisema Mrisho.

Akaanza kupika visivyo na sukari, fungu la peke yake, na kuvipeleka ofisini kwa diwani ndani ya hotpoti ya Zaina yenye maua mekundu. Alikuwa na hamu moja tu duniani: mtu yule aulize swali lile kwa mdomo wake mwenyewe, mbele ya watu, na akishauliza alitolee jibu mwenyewe. Lakini hotpoti ilikuwa haivuki meza ya mapokezi. Walikula makarani. Ofisi nzima ikawa inaulizana. Mhasibu alimwuliza mlinzi kama gari limefika, naye mlinzi, mtu mkweli, akamjibu kwamba limekwenda Lugoba kuchukua maturubai. Mheshimiwa alikuwa kwenye kikao. Kesho yake yuko kwenye kikao. Wiki iliyofuata amekwenda semina ya kufundishwa namna ya kukaa kwenye vikao.

Na hotpoti ikarudi tupu. Bagamoyo chombo cha mtu hakirudishwi kitupu, hata kama ni limau moja utaliweka ndani. Ile ilirudi imeoshwa kwa sabuni ya kunukia, haina kitu. Mrisho aliifungua mara mbili kuhakikisha.

Matembezi yalipotimiza mwaka, Zaina naye akatimiza mwaka kaburini, maana ilikuwa siku moja. Ikaamuliwa na wakubwa kwamba sherehe ifanyike kwenye vituo vyenyewe, na diwani atembee pamoja na wageni kutoka makao makuu. Wahida alikuja mapema kumwambia.

"Shikamoo, mzee. Leo anakuja. Atakula. Nimemwambia hivyo havina sukari."

"Marahaba, mwanangu. Ahsante."

"Lakini mzee, tafadhali."

"Tafadhali nini?"

Wahida alikuwa ameshageuka kwenda kuwapokea wageni.

Diwani alikuja akiwa na kanzu iliyopigwa pasi na koti juu yake. Nyuma yake watu wa kamera, na nyuma ya watu wa kamera, pale kwenye kona ya njia, gari la wagonjwa. Milango yake ya nyuma ilikuwa wazi na dereva anateremsha viti vya plastiki. Mtungi wa hewa ulikuwa umelazwa chini, kando ya mtaro, ili viti vipite. Mrisho aliona vyote hivyo akiwa anageuza vitumbua. Hakuunguza hata kimoja.

Diwani alichukua, akapuliza, akainua kidogo ili kamera ipate, akauma. Sauti ya Zaina ikatoka kwenye kile kifua kipana, chini ya masharubu yaliyopunguzwa vizuri.

"Baba Adila, gari limefika?"

Mrisho alikuwa na jibu tangu siku nyingi. Alinyoosha kile kijiti cha kugeuzia, kinachuruzika mafuta, akaonyesha kona.

"Lile pale," alisema. "Limefika. Limeleta viti."

Watu wote wakageuka kutazama. Dereva, kwa kuona anatazamwa na kamera, aliweka chini kiti alichokishika na kusimama wima. Diwani naye alitazama, akimaliza kutafuna. Akameza. Akajifuta midomo kwa leso.

"Swali zuri," alisema kwa sauti yake. "Tena ni swali la msingi. Mzee wetu, tumelipokea, tunalichukua na tutalifanyia kazi." Akawageukia wageni wake. "Mnaona, waheshimiwa? Huu ndio urithi ninaowaambia siku zote. Huwezi kuupata Dubai."

Wakapiga makofi. Dereva akaleta kiti, diwani akaketi, akaomba kitumbua kingine. Cha pili alikila kimya. Akasema ni kitamu ingawa hakina sukari.

Jioni ile Mrisho alikoroga unga kama kawaida, akatia kikombe cha jana, akafunika kawa. Asubuhi alikuta umelala kwenye kitako cha beseni kama uji uliopoa. Alipika hivyohivyo. Vilitoka bapa, vigumu, na Bi Hajra aliyeonja alitafuna mpaka mwisho bila kuuliza lolote. Alisubiri kidogo, akamtazama Mrisho.

"Mbona kimya leo?"

Siku iliyofuata vilevile. Wageni walikuja, wakala, wakasema ya kwao, wakaondoka. Wahida alirudi peke yake mchana, kibegi begani.

"Mzee, wananiuliza mbona hawaulizi. Wameshasoma mtandaoni kwamba wataulizia gari."

"Waambie gari limefika," alisema Mrisho. "Nilimwambia mimi mwenyewe limefika. Ameamini."

Nyumba ilikuwa imenyamaza kwa namna ambayo hata siku ya matanga haikunyamaza. Mwaka mzima alikuwa amechukia kusema bado. Alichukia kulisema asubuhi, kwa wageni wanaocheka, huku yule aliyepaswa kulisema anapanda vyeo. Sasa hakuwa na wa kumwambia. Alikaa na ile hali siku hiyo na nyingine. Kisha, mara tu baada ya swala ya alasiri, aliweka beseni mbele ya kile kigoda, akakaa alipokuwa akikaa mkewe, akauinamia unga.

"Mama Adila," alisema. "Nilikudanganya. Lilikuja la viti. Lako bado."

Akafunika. Kabla ya magharibi kawa lilikuwa limeshaanza kuinuka.

Kuhusu swali kufanyiwa kazi, lilifanyiwa kweli, msiseme hawafanyi kazi. Baada ya miezi michache ikaletwa kanga, nyekundu na nyeusi, ina picha ya bajaji kwa sababu mchoraji hakupata picha ya gari la wagonjwa, na chini pameandikwa GARI LIMEFIKA? Ikauzwa kwenye duka la kona, kila mgeni anajitupia begani. Kikawekwa na kibao ukutani. Wahida akapewa maelekezo kwamba wageni wafundishwe na jibu lake, wote pamoja, kabla ya kula, ili washiriki. Akawafundisha, akitazama chini. Ba-do. Wazungu walilipenda neno lile. Ni jepesi.

Mrisho alikwenda ofisini, na safari hii alipokelewa.

"Jina la marehemu litaishi, mzee," alisema diwani.

"Jina lake halimo."

"Kanga ina nafasi ndogo."

"Na gari?"

"Gari lipo. Ratiba yake tu ndiyo imebana."

Mrisho alirudi nyumbani akaloweka mchele. Ungetaka afanye nini? Akiacha kupika, Zaina ananyamaza. Akipika, Zaina anauliza, na watu wanaolipwa ili wamjibu wanamfanya ngonjera. Alichagua Zaina anayeuliza. Kila asubuhi wageni walipojibu bado kwa kelele, na yeye alisema lake polepole, kwenye moshi, ili mkewe ajue lipi ndilo jibu.

Wakati huo Raya, mkwe wa Bi Hajra, alikuwa na mimba kubwa, miguu imevimba, viatu havimwingii. Mume wake yuko Kiwangwa kwenye mashamba ya mananasi. Asubuhi moja ya Jumamosi uchungu ulimshika vibaya. Zahanati ilimwona ikasema mtoto amekaa vibaya na presha iko juu, apelekwe Dar, aende amelala, arudi kwanza nyumbani kwa sababu wodi inapuliziwa dawa ya mbu, gari litamfuata mlangoni. Bi Hajra alimrudisha kwa bajaji. Mrisho aliwaona wakiteremka. Hakuuliza walichoambiwa. Alipuliza mkaa.

Wageni wakafika saa yao. Walikuwa wengi, Jumamosi huwa wengi, wote na kanga zao mabegani. Wahida akawafundisha jibu, wakalijaribu mara kadhaa, wakacheka. Mrisho akaanza kugawa karatasi. Alikuwa hajafika nusu pale Bi Hajra alipotoka mlangoni kwake, kichwa wazi, bila hata mtandio, mwanamke ambaye mtaa mzima haujawahi kuona nywele zake. Alishika mwimo wa mlango akatazama njia.

"Jamani," alisema, "gari limefika?"

Wageni wakageuka. Walitazamana, wakafurahi kwamba wameijua zamu yao, wakamjibu wote kwa pamoja, kwa matamshi mazuri, kama walivyofundishwa:

"Bado."

Mmoja akampiga picha. Wahida akaweka mkono mdomoni. Bi Hajra siku ile alikuwa hajatia kitu kinywani.

Mrisho alilaza kijiti juu ya chuma, akafuta mikono kwenye shuka alilojifunga kiunoni, akapita katikati ya wageni mpaka kwenye kona ya njia, pale alipokuwa akisimama siku ile. Akaangalia upande ambao gari hutokea. Wageni walidhani ni sehemu ya matembezi, wakamfuata. Walijipanga kando ya mtaro, wazee kwa vijana, wakakinga macho kwa mikono kama yeye alivyokinga, wakaangalia njia. Ilipita pikipiki iliyobeba kuku. Ukapita mkokoteni wa maji. Wahida alikuja nyuma yao akasimama, na kwa mara ya kwanza hakuwaeleza kitu. Alikuwa na simu sikioni. Alisikiliza, akaishusha.

"Wanasema lipo Mapinga," alimwambia Mrisho. "Kuna mkutano wa viwanja. Limepeleka vipaza sauti."

Mrisho hakugeuka. Kule barazani vitumbua vilikuwa vinaungua, na moshi wake ulikuwa unawafuata mpaka pale. Kutoka kwa Bi Hajra zilisikika sauti za wanawake, mmoja anamwambia Raya avute pumzi, avute tena.

Mgeni mmoja, mwanamke mfupi mwenye miwani, alikuwa ndiyo kwanza anakumbuka kitumbua chake mkononi. Aliuma. Akatafuna, macho yapo njiani kama wenzake, halafu akamgusa Mrisho kiwiko.

"Baba Adila, gari limefika?"

"Bado, Mama Adila," alisema Mrisho. "Leo tunalingoja kwa ajili ya Raya pia."

Mwanamke yule akaitikia kwa kichwa, akamaliza kitumbua chake, na wote wakaendelea kuangalia njia.